Kadi za Penseli

Mjomba alitaka kuchoma nyuso za watu ili apate mahali pa kuweka friji la soda. Nalisema bila kulipamba kwa sababu ndivyo nilivyomwambia siku ile, mbele ya wateja, na ndivyo ugomvi wetu ulivyoanza.

Alikuwa mpiga picha, ndugu wa mama yangu, na studio yake ilikuwa chumba kimoja na nusu karibu na soko la Sumbawanga. Chumba kilikuwa cha kupigia picha, na ile nusu ndiyo chumba cha giza alimozisafishia. Mimi nilikuwa nimemaliza kidato cha nne na nilikuwa nakaa kwake, mtaa wa Kizwite. Kazi yangu ilikuwa kufagia, kupokea wateja na kuwafunga vifungo vya koti. Maana studio ilikuwa na koti lake, jeusi, la kiume, na kila aliyekuja bila nguo ya maana alivalishwa hilo. Wanawake nao walilivaa, kwa sababu ya baridi yetu. Sidhani kama kuna koti lililohudhuria harusi na vipaimara vingi Ufipa kuliko lile.

Ilikuwa miaka ya ruksa, serikali ilipolegeza masharti ya biashara. Maduka yaliyokuwa na rafu tupu yalianza kujaa, mitumba ikamwagwa sokoni, na ng'ambo ya barabara kijana mmoja akafungua studio ya picha za rangi. Filamu zake zilikwenda kusafishwa Mbeya, na ziliporudi watu walisukumana kujiona. Mjomba, aliyepiga nyeusi na nyeupe, akabaki na picha za pasipoti. Ndipo akaagiza friji. Na mahali pekee pa kuliweka palikuwa ukuta wa nyuma, uliojaa maboksi ya negativu tangu alipofungua studio, vile vipande vya filamu ambavyo ukiwa navyo unaweza kuisafisha tena picha ya zamani kama vile imepigwa jana.

"Mjomba, hizi ni nyuso za watu," nikasema.

"Ni plastiki hizo. Nyuso wanazo wenyewe."

"Na waliokufa?"

Akanitazama vibaya. "Ndiyo maana nataka zitoke. Mpwa wangu, mji huu huu tunaousikia unavyosemwa kwa uchawi, wewe unataka tujulikane kuwa tunatunza marehemu kwenye boksi?"

Nisimwonee. Mjomba hakuwa mtu wa ovyo. Kila negativu ilikuwa ndani ya bahasha ya kaki, na juu ya bahasha aliandika namba ya risiti, tarehe na jina. Ukija na risiti, picha yako unaipata kabla hujakaa. Tatizo ni kwamba hakuna aliyekuja na risiti. Watu wa ziwani walisema imelowa. Wafugaji waliotoka Usukuma walisema imebaki kule walikohama. Mzee mmoja alikiri bila aibu kwamba aliivutia tumbaku. Wote mjomba aliwajibu kwa sentensi moja, "Bila risiti siwezi," nao wakarudi walikotoka, wengine kwa miguu. Sentensi hiyo ilikuwa inanichoma. Sikuzaliwa na subira, na mama yangu atakuwa shahidi.

Nikamwambia nitayapanga yale maboksi hivi kwamba mtu apate picha yake bila risiti. Akacheka mpaka akafuta macho.

"Haya, cheza. Lakini friji likifika, zinatoka."

Kalamu ya wino alininyima. Wino, alisema, ni wa kuandikia risiti za watu wanaolipa. Kwa hiyo nilikata maboksi ya sabuni kuwa kadi, nikachonga penseli, nikaanza.

Nilianza na majina, kama ambavyo angeanza mtu yeyote aliyefundishwa alfabeti. Nikachemsha. Mapadri wa zamani walikuja huku na mfuko mdogo wa majina ya watakatifu, na familia zetu zimegawana hayo hayo mpaka leo. Kadi za mtakatifu mmoja zilikuwa nene kama tofali, na za herufi nyingine hakuna hata moja. Nilikuwa nimehamisha fujo kutoka kwenye maboksi makubwa kuipeleka kwenye madogo. Yule kijana wa picha za rangi alikuwa akivuka barabara kila asubuhi kuja kunicheka.

"Mambo, dada? Bado unafukua makaburi?"

"Poa," nilimjibu, kwa sauti ambayo haikuwa poa hata kidogo.

Aliyenifungua macho ni mama mmoja wa Ilemba. Alikuja kuulizia picha yake, na mjomba alipomwuliza tarehe, akajibu kwa imani kabisa: "Ni ile niliyopiga tulipouza maharage. Nina mimba ya huyu hapa, na nimevaa kanga ya jirani." Mjomba akatikisa kichwa. Nami nilikaribia kutikisa cha kwangu, nikakizuia. Kwani huyu mama alikuwa amekosea nini? Kila alichosema kilikuwa kweli, na kila alichosema kilitafutika. Ni sisi tu ambao hatukuwa tumekiandika. Tulikuwa tumeandika namba yetu na tarehe yetu, vitu tulivyovihitaji sisi, halafu tukamlaumu yeye kwa kutovijua.

Nikatupa mpango wa kwanza, nikaanza upya. Safari hii kila bahasha niliiandikia kadi kadhaa na kuziweka katika visanduku tofauti. Kadi ya alikotoka mtu. Kadi ya shughuli iliyomleta: harusi, kipaimara, mauzo ya mazao, msiba. Kadi ya aliosimama nao. Alikotoka mtu nilikusoma kwenye vitabu vya risiti vya mjomba, na mengine niliyaona kwenye negativu zenyewe. Na kwa wanawake, kadi ya jina wanaloitwa nyumbani, kwa sababu kwetu mwanamke akishazaa, jina lake la ubatizo linabaki kanisani, na mtaani anakuwa mama wa mtoto wake wa kwanza. Wengi walikuwa wamejiandikisha hivyo hivyo studio. Bahasha ilibaki moja, ila sasa uliweza kuifikia kwa kuanzia popote mtu alipokumbuka.

Tarehe nazo nilizipatia mchezo wake. Pazia la nyuma mjomba alikuwa amelibadilisha: kwanza shuka la buluu, baadaye pazia lililochorwa motokaa, mwisho la maua. Na koti lilikuwa likipoteza vifungo kimoja kimoja, naye hakushona hata kimoja. Kwa hiyo mteja asiyejua mwaka, akikumbuka pazia au vifungo tu, nilimpatia mwaka. Nilipomweleza mjomba, alichukua negativu moja akainyanyua dirishani kunihakiki.

"Hiki," akasema akionyesha pengo la kifungo, "kiling'olewa na bwana harusi mmoja mwenye tumbo. Alikataa kulivuta ndani."

Akakaa. Akachukua nyingine. Jioni ile hakusema lolote kuhusu friji, na kesho yake nilikuta baadhi ya kadi zangu zimesahihishwa kwa mwandiko wake, kwa penseli.

Miaka mingi baadaye, kwenye semina ya kompyuta, mwalimu alihangaika kutueleza neno metadata. Ni habari kuhusu habari, alisema: picha ni kitu kimoja, na maelezo ya nani, wapi, lini na kwa nini ni kitu kingine, na bila hayo ya pili picha yako imepotea hata kama ipo. Wenzangu waliandika. Mimi nilicheka kwa sauti, nikaulizwa kuna nini, nikasema nimekumbuka koti.

Lakini ushindi wenyewe ulikuja na msichana wa kijiji cha Kate.

Alikuwa anaolewa mwezi ule. Alikuja na shangazi yake, dada wa baba yake, mama mtu mzima aliyejifunga mashuka mawili kwa ajili ya upepo.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Tumekuja kukusumbua."

Walitaka picha ya mama mzazi wa msichana. Mama alifariki huyu akiwa mchanga kabisa. Picha aliwahi kupiga moja tu, hapa hapa, kabla huyu hajazaliwa, na iliungua pamoja na nyumba. Msichana hakuwahi kuuona uso wa mama yake. Alilisema hilo bila kulia, kama mtu aliyekwisha kulizoea, na mimi ndiye niliyetaka kulia.

"Nataka awepo mezani siku ya harusi yangu," alisema. "Basi, dada. Sina lingine."

Mjomba alikuwa mlangoni. Asubuhi ile alikuwa ameletewa habari kwamba lori la Fuso lenye friji limeshatoka Mbeya. Alimtazama msichana, kisha akanitazama mimi, na kwa mara ya kwanza hakunicheka.

"Ukiipata hii," akasema, "friji litakaa barazani."

Nikaulizia jina la marehemu. Lilikuwa la mtakatifu, tena yule wa tofali. Nikapekua kadi zote za jina lile: hakuna hata mmoja wa Kate. Nikaenda kwenye kisanduku cha Kate. Wanawake walikuwepo wengi, kila mmoja mama wa fulani, na jina la msichana huyu halikuwepo kwa yeyote. Nikapekua mara ya pili. Msichana alikuwa ameanza kufunga kitambaa chake kichwani, tayari kwa safari ya kurudi.

"Shangazi, nyumbani mlikuwa mnamwitaje?"

"Mama wa huyu."

"Lakini picha alipiga huyu hajazaliwa."

"Ndiyo. Ilikuwa kabla."

"Sasa kabla mlimwita mama wa nani?"

Mama yule aliangalia mikono yake, akamwangalia mtoto wa kaka yake, akaangalia barabarani, na mimi nikajua nimegusa kitu.

"Kulikuwa na wa kwanza," akasema polepole. "Wa kiume. Surua ilimchukua. Kaka yangu alikataza asitajwe tena, alisema kumtaja ni kuita msiba nyumbani. Na ndani ya mwaka mama yake naye akafuata, basi tukaogopa kweli."

"Shangazi," msichana akasema. "Nilikuwa na kaka?"

"Ulikuwa naye, mwanangu. Nisamehe."

Kisha akalitaja jina. Alilitaja kwa sauti ndogo sana, kama mtu anayeonja chakula cha moto.

Sikumbuki kama nilitembea au niliruka. Kadi ilikuwepo. Ilikuwa kwa mwandiko wangu mwenyewe, nimeiandika wiki kadhaa nyuma pamoja na nyingine nyingi huku nikifikiria chakula cha mchana: mama wa yule mtoto, Kate, Krismasi, pazia la motokaa, koti, vifungo viwili, mtoto mapajani. Nilipiga kelele mpaka yule kijana wa picha za rangi akatoka nje kuona nani kaibiwa.

Mjomba aliisafisha picha mwenyewe. Alituruhusu mimi na wageni wote wawili tuingie chumba cha giza, jambo ambalo hakumruhusu mteja hata siku moja, na sote wanne tukabanana chini ya balbu nyekundu tukiangalia karatasi nyeupe ndani ya sinia la dawa. Kwanza likatokea koti. Halafu magurudumu ya motokaa. Halafu mtoto, kakunja ngumi zake zote mbili. Uso ulikuja mwisho, polepole, na ulipokamilika ulikuwa unacheka.

"Ndiye?" msichana akanong'ona.

"Ndiye," shangazi akasema. "Ndiye kabisa."

Msichana akainama mpaka pua yake ikakaribia dawa. Kisha akaweka kidole kwenye meno yake ya mbele, penye mwanya.

"Kumbe ni wake," akasema. "Kumbe mwanya huu ni wake!" Akacheka, na wakacheka sawasawa, yeye na yule aliyekuwa ndani ya sinia. Shangazi akapiga vigelegele mle mle ndani, masikio yetu yakaziba. Mimi nililia wazi, wala sikujificha. Nilikuwa nimeshinda, na nilijua nimeshinda, na sijawahi kuona haya kusema hivyo.

Tulipotoka nje, Fuso lilikuwa limefika. Wapagazi wawili walikuwa wamelishika friji wakiuliza pa kuliweka. Mjomba akawaonyesha baraza kwa kidevu. Miaka yote iliyofuata tuliuza soda kwenye upepo, wala friji halikuwa na kazi kubwa ya kuzipoza.

Picha ilipokauka, msichana aliifunga ndani ya kanga. Akafika mlangoni, akarudi.

"Dada, naomba niione hiyo kadi."

Nikampa. Akaisoma taratibu, midomo ikicheza.

"Hapa ni mama wa kaka yangu tu."

"Ndivyo alivyoitwa siku aliyopiga," nikamweleza.

"Najua. Na awe naye, sikatai." Akanirudishia kadi. "Lakini mtu akija siku moja kumtafuta kwa jina langu, atampata?"

Nilichukua penseli, nikailaza kadi mezani ili niongeze jina lake chini ya lile la kaka yake. Mjomba akanishika mkono.

"Penseli inafutika," akasema, akachomoa kalamu ya wino mfukoni mwa shati lake na kunipa.