Pepo Anayenunua Pipi

Kazi yangu Mwanza ni kutafsiri filamu kwa mdomo: picha inatembea, mimi naporomosha Kiswahili juu yake. Ndiyo iliyonifikisha Brussels. Furaha, mtengeneza filamu aliyezaliwa Bukavu na kukulia Ubelgiji, alisikia sauti yangu mtandaoni akanialika nitafsiri filamu yake. Alisomea sinema Japani, na filamu zake zote ni za kutisha, kazitoa kwenye ngano za huko. Wajapani na Wazungu wamempigia makofi. Mama yake mzazi hajatazama hata moja.

Asubuhi niliyofika, baridi ilinipenya hadi kwenye meno. Furaha akanipeleka mtaa wa Koekelberg kwa mama huyo, Maman Nsimire, aliyetuandalia ugali na sombe, kisamvu chao.

"Karibu, papa. Ila miye siangaliake mambo ya mashetani."

"Hii moja tu, maman," Furaha akamsihi, akinigusa bega. "Tonton atakuelezea yote."

"Bon. Nitakuja. Nikiona shetani, ninatoka."

Tulipokuwa garini Furaha aliniambia kuwa hatamwomba tena. Hii ndiyo mara ya mwisho.

Kesho yake mchana, onyesho likawa mtaa wa Anderlecht. Ukumbi ulijaa akina mama wa kanisani kwa Maman Nsimire. Kisa chenyewe ni cha zamani: mama mjamzito amekufa, akazikwa, akajifungulia kaburini, sasa kila siku anakwenda dukani kumnunulia mwanawe pipi. Alipotokea kwenye picha, kapauka, nywele zimefunika uso, nikajitutumua kama nilivyozoea: "Pepo huyooo! Pepo anaingia dukani!"

Lahaula! Kumbe nimechokoza nyuki. "Toka! Kwa jina la Yesu, toka!" Ukumbi mzima ukasimama kukemea. Kwetu Mwanza ukitaja pepo, mtazamaji anasogeza kiti mbele. Kwa walokole hawa, pepo anatolewa. Maman Nsimire akavaa koti, akaelekea mlangoni.

"Tonton, badilisha ile mot ya pepo!" Furaha akaninong'oneza, machozi yakimlenga. Niliogopa kweli.

Nikashusha sauti. "Jamani, huyu ni mama wa mtu. Amekufa, lakini mwanawe ana njaa."

Kelele zikapungua. Maman Nsimire akasimama palepale mlangoni, mgongo kwa picha. Kisha akageuka. Kwenye picha, watu wa kijijini walipofukua kaburi la yule marehemu, Maman Nsimire akaniuliza mbele ya wote: "Na mutoto, alikulaka?"

"Alikula, maman. Yuko hai."

Akarudi kukaa, koti mwilini, akalia bila kujificha.

Jioni, Koekelberg, chai ilipoisha, Maman Nsimire akamgeukia Furaha.

"Donc, hizi miaka yote ulikuwa unatengeneza mambo ya bamaman?"

"Ndiyo, maman," Furaha akajibu.

"Alors, weka ingine."

Sasa nimerudi kwenye kibanda changu cha video. Wenzangu bado wanaita kila mfu pepo, na wateja wanashangilia. Siwalaumu, biashara ni biashara. Ila mimi, kabla sijafungua kinywa, naangalia kwanza marehemu huyu kamwacha nani.