Fundi Taratibu na Lipu ya Chumba cha Mama

Fundi lipu huyu walimwita Taratibu, wala si kwa kumsifu. Kazi ya siku mbili aliimaliza kwa wiki, na ukimharakisha aliweka mwiko chini, akakutazama, kisha akaomba maji ya kunywa. Hata hivyo hakukosa kazi, kwa sababu hakuna anayetaka mtu wa papara aguse ukuta wake.

Huko kwao, yanayokupata ndani ya chumba hubaki kwenye lipu ya chumba hicho. Ukitoka unaondoka na masalia tu: unajua ulipendwa, au ulitishwa, au uliaibika, lakini maneno, sura na sauti umeviacha ukutani. Ukirudi ndani vyote vinakurudia, vya kwako peke yako. Mgeni akiingia haoni kitu. Yanayotokea uani na barazani hayana ukuta wa kuyashika, kwa hiyo mtu hutembea nayo kichwani. Na ukuta ukizeeka hujaa, haushiki tena mapya, ndipo anapoitwa fundi aibandue lipu na kupiga nyingine.

Lakini fundi habandui hivi hivi. Kwanza huitwa wote waliowahi kuishi mle, wakakaa pamoja chumbani na kusimuliana kwa sauti, kila mtu ya kwake. Kisha fundi anamkatia kila mmoja kipande cha lipu cha ukubwa wa kiganja, kwa kuwa lipu ikishaanguka yote yaliyokuwamo hupotea. Ukikigusa popote ulipo, chumba kizima kinakurudia, matamu na machungu, maana kipande hakichagui. Taratibu alikata vipande vya watu kwa miaka ishirini na mitatu na hakuvunja hata kimoja. Aliwahi kumngoja mjomba wa mtu siku nne, mjomba mwenyewe akafika amelewa na kusahau kipande chake juu ya kiti. Taratibu alimfuata nacho kwa miguu mpaka kwake.

Mama yake alipofariki, yeye na dada yake mkubwa walikubaliana chumba cha mama kipigwe lipu mpya, wapate kuingia wapangaji. Dada, aliyekuwa amemuuguza mama mwaka wa mwisho, alikuwa amesharudi kwake mbali. Akatuma ujumbe kwamba atafika Jumamosi saa sita mchana, na kitu kisiguswe. "Nataka nimsikie mama anaimba," alisema. Nje ya chumba kile hakuna aliyekuwa na wimbo wa mama hata mmoja, kwani mama alikuwa na haya, akiimba alifunga mlango.

Jumamosi hiyo saa mbili asubuhi Taratibu aliingia kutandika turubai sakafuni, basi. Yakamrudia. Mama akimfunga vifungo vya shati huku akiimba. Mama akimcheka alivyong'oka meno mawili siku moja. Na katikati ya hayo, bila hodi, mchana ule wa mwaka wa mwisho.

Mama alikuwa amejichafulia kitandani. Alikuwa anajaribu kuivuta shuka kwa mkono wake mmoja mzima, haivutiki. Taratibu alikuwa amesimama pale mlangoni na harufu imempiga usoni. Macho yao yakakutana. Naye, mtu mzima mwenye ndevu za mvi, akarudi kinyumenyume kwa ncha za vidole, akaenda kukaa kwa jirani mpaka dada aliporudi jioni. Alipoingia nyuma ya dada alimkuta mama bado yumo katika uchafu uleule, akisema, "Hakuna aliyekuja leo. Mdogo wako yuko kazini, maskini." Kisha mama akamtazama yeye, akamwondolea macho.

Saa sita angekuwa amekaa mbele ya dada katika chumba hichohicho, na zamu yake ya kusimulia ingefika. Taratibu aliwaza hilo akahisi masikio yanaungua. Akachukua patasi na nyundo.

Hakuna aliyewahi kumwona akifanya kazi mbio namna ile. Saa tano kuta zilikuwa matofali matupu. Gamba la mwisho lilipoanguka alibaki ameshika nyundo, jasho linamtiririka, hajui alikuwa anakimbilia nini. Alichokijua ni kwamba ana aibu kubwa, inamhusu mama, na kwamba hataki kuonekana.

Dada alifika, akapita moja kwa moja mpaka chumbani, akasimama katikati. Alisubiri kidogo, kama mtu anayesikiliza. Hakuja mtu, wala wimbo.

"Lipu ilikula unyevu, dada," Taratibu alisema kutoka mlangoni. "Ilikuwa inadondoka yenyewe."

"Yote?"

"Yote."

"Kipande changu hukuwahi?"

"Sikuwahi."

"Na chako?"

Taratibu aliitazama mikono yake. Fundi wa miaka ishirini na mitatu, ukuta wa mama yake unaanguka, hata cha kwake hakukata.

Dada alitoka akaenda kukaa kwenye ngazi ya baraza. "Basi haukuwa unyevu," alisema. Akaendelea polepole. "Mdogo wangu, mama aliniambia. Asubuhi moja nilikuwa uani, naye yuko kitandani, akanieleza siku ile yote kupitia dirishani, ili nitembee nayo. Akaniapisha nisikutajie kamwe. Alisema nikuache, siku tukikaa chumbani utalisema mwenyewe, litakutoka."

"Siku ipi?" Taratibu aliuliza.

Dada akamgeukia. Alimchunguza uso mzima, akaona kweli hajui.

"Niambie basi, dada. Nilimfanya nini mama?"

"Nimeapa."

Taratibu alichuchumaa mbele yake, vumbi la lipu limemjaa kwenye kope. "Nisamehe," alisema.

"Kwa lipi?"

"Kwa ukuta. Kwa nyimbo za mama."

"Na lipi?"

"Kwa kukudanganya habari ya unyevu."

"Na lipi?" Sauti ya dada ilikuwa imelainika, ilikuwa karibu kumbembeleza.

Taratibu alilitafuta. Lilikuwemo kifuani, zito, lakini halikuwa na neno wala sura. Akachungulia chumbani, akayatazama matofali.

"Sijui, dada," akasema.