Toronto Siitaki

Juzi niliingia kwenye lifti na mama mmoja aliyenukia poda ya waridi, nikababaika nikashuka ghorofa isiyo yangu. Poda hiyo ndiyo aliyojipaka shangazi yangu, dada yake baba, kila asubuhi nyumbani kwetu Etobicoke, pembezoni mwa Toronto, ingawa hakuwa na pa kwenda.

Televisheni ilipokuwa bado changa Nairobi, shangazi aliendesha mchezo wa vitendawili. Mshiriki akishindwa, alimdai mji kama ilivyo desturi, na ukumbi mzima ukashangilia. "Kenya yote nilipewa mimi," alipenda kutuambia. Kisha wakubwa wa kituo wakaleta kijana wa maswali ya Kiingereza, na kanda za shangazi wakazifuta ili warekodi mpira. Alipokuja kuishi nasi huku Toronto, hakuna aliyemjua. Akawa hatulii: jikoni, dirishani, mlangoni, tena jikoni, mpaka mama akasema zulia litatoboka. Sanduku lake hakuwahi kulifungua lote, nami niliogopa sana kwamba ataondoka. Nani mwingine angenichekesha mpaka nilie?

Jumapili moja baada ya ibada, mchungaji alimwomba awachezeshe watoto. Alijipaka poda upya, akasimama mbele yetu bega moja likitangulia, akitafuta kamera.

"Kitendawili!"

Watoto walitazamana. Nikaitikia peke yangu, "Tega!"

"Nyumba yangu haina mlango."

"Igloo!" akapayuka mtoto mmoja, akifikiria nyumba za barafu.

"Is it a tent?" akauliza mwingine.

"Mmeshindwa. Haya, nipeni mji."

Hapo nikaona bahati yangu imefika. Mtu akipewa mji atauhamaje? Nikapanda juu ya kiti.

"Auntie, chukua Toronto! Yote!"

Watu wazima wakaangua kicheko. Shangazi alicheka pia, lakini akatikisa kichwa. "Toronto siitaki, mwanangu. Nipe mji mwingine."

Nikamtupia Kisumu kwa hasira. Akaipokea kwa mikono miwili, akaeleza alivyokwenda huko akalakiwa kwa vigelegele, ndipo akatupa jibu: yai.

Kabla theluji haijaanguka, alikuwa amerudi Kenya. Nililia, na kwa miaka mingi niliamini kwamba zawadi yangu ilikuwa duni. Siku hizi nami nazungukazunguka ndani ya nyumba nikiwa sina ninachotafuta, na ndiyo kwanza namwelewa. Mtu hupewa mji na watu walioitikia "Tega!" Toronto haikuitikia. Niliitikia mimi tu, na mtoto mmoja, hata akupende vipi, hawezi kuwa mji.