Mbichi Hiyo, Kapike Tena

Wahenga walisema njia ya mwongo ni fupi. Mwalimu mmoja wa insha, mtunzi wa riwaya za sayari zisizokuwepo, anafundisha kuirefusha. Mwanafunzi akichelewa akasingizia mvua, mwalimu hupuliza vumbi la chaki vidoleni na kusema, "Mbichi hiyo. Kapike tena." Anayedai kamezwa na ukuta hupokewa kama mkwe. "Wa matofali au wa udongo? Ulikutema upande gani?" Majibu yakishikana, mwanafunzi anakaa; yakipishana, anasimama hadi kengele. Nyumbani husahihisha miswada yake mwenyewe kwa kalamu nyekundu, na ikimchukiza hujiandikia pembeni, "Sifuri. Njoo na mzazi." Mama yake huvaa miwani, akatia sahihi.

Juzi alichelewa mwalimu mwenyewe, mguu mmoja kiatu, mwingine kandambili.

"Mwalimu, ulikuwa wapi?"

"Mama yangu kalazwa hospitali."

"Mbichi hiyo!" darasa zima likaitikia kwa furaha. "Kapike tena!"

Akapapasa mfukoni kutafuta chaki, akaikosa. "Mama," akaanza upya, "ameitwa mwezini, akawafundishe nyota kushona."

Wakapiga makofi. "Atarudi lini?"

Mwalimu akapuliza vidole visivyo na vumbi.