Chipu Niliyoianika Juani

Aliyenifundisha kazi yangu hakuwa fundi. Alikuwa mpiga chapa. Steshenari yake ilikuwa karibu na soko la Bariadi, chumba kimoja chenye mashine ya fotokopi, kompyuta ya mezani na benchi la wateja, na humo aliwaandikia watu barua za mahakamani, risala na maombi ya kazi. Karakana yangu ya redio ilikuwa nyumba ya tatu kutoka kwake. Mimi nilimaliza kidato cha nne, nikajua kuchomelea waya, na kwa miaka mingi niliamini kwamba yaliyobaki kujua ni machache.

Ilikuwa miaka ile biashara ilipofunguliwa. Wanunuzi binafsi wa pamba walikuja na malori yao, na katika maduka ya Mwanza vilianza kuonekana vitu ambavyo zamani usingevipata hata ukiwa na barua ya mkuu wa wilaya. Huko ndiko niliponunua kisanduku cha kuandikia chipu za kumbukumbu. Kilikuwa kimeshatumika. Kilikuwa na soketi yenye mkono mdogo wa kubana chipu, waya mnene wa kuunganisha na kompyuta, kijitabu cha Kiingereza na disketi moja. Kompyuta sikuwa nayo. Nilikinunua ili watu waone kwamba ninacho, nikakiweka kwenye rafu, nikawa nakionyesha wateja.

Mwaka huohuo mkunga wa zahanati moja ya misheni huko Lingeka aliniletea simu ya upepo iliyokuwa inakoroma. Hiyo ndiyo redio aliyoitumia kuita gari la hospitali mama anapokwama katika uchungu. Nikaifungua, nikakuta vumbi na mkojo wa panya, nikaiosha bodi kwa petroli. Katikati ya bodi kulikuwa na chipu yenye kidirisha cha kioo, na juu ya kioo kimebandikwa kipande cha karatasi kilichochafuka. Nikakibandua. Nilidhani ni lebo tu. Kisha nikaianika bodi juu ya bati la karakana, kama sisi watu wa pamba tunavyoanika kila kitu tunachokitilia shaka unyevu. Siku moja haikuniridhisha. Kifaa kingine nilichokuwa nimekiagiza kilichelewa, basi kila asubuhi nikaitoa na kila jioni nikaiingiza, wiki mbili nzima, jua la kiangazi.

Nilipoifunga haikukoroma tena. Ilikuwa bubu kabisa. Masafa yote yaliyokuwa yamehifadhiwa ndani ya chipu hayakuwepo. Mkunga alipokuja kuichukua, nilimwambia chipu imekufa kwa uzee.

"Haitafufuka?" akauliza.

"Mayu," nikamwita mama kwa Kisukuma, "mashine ya kufufua ninayo." Nikamwonyesha rafu.

Hakuitazama sana. "Mvua zikianza ule mto haupitiki. Gari likichelewa kuitwa ndiyo basi. Niambie kweli, utaweza?"

Nikamwambia nitaweza. Jioni ile nikakibeba kisanduku hadi steshenari.

"Fundi, leo umeleta barua ya posa?" mpiga chapa akanitania.

Nilimweleza shida, nikasogea nyuma ya kompyuta yake kuuchomeka waya. Akanipiga kofi mkononi. "Zima kwanza! Hii siyo mkulima unaipiga ngumi inaimba." Mkulima ndivyo tulivyoziita redio kubwa za betri.

Kisha akavuta kiti, akafungua kijitabu ukurasa wa kwanza, kamusi pembeni, kidole chini ya mstari. Nilimwambia mambo ya umeme nayajua, tuanze tu. Yeye alisoma mpaka mwisho. Nilikuwa sijawahi kumwona mtu akisoma maelekezo hadi mwisho, na ninakiri kwamba siku ile niliona ni uzembe. Leo nikimkumbuka namwona pale kitini, majirani wanafunga maduka yao, yeye akirudi kwenye mstari uleule mara ya tatu kwa sababu neno moja hajaridhika nalo.

Alizima kompyuta, akachomoa printa, maana kisanduku kilihitaji mlango uleule wa printa, akachomeka waya, akawasha. Akaweka disketi, akaingiza programu. Programu ikasema haioni kitu.

"Kimekufa," nikasema.

"Kwako kila kisichojibu kimekufa."

Akawasha upya, na kabla kompyuta haijaamka vizuri akabonyeza kitufe cha kuingia kwenye mipangilio yake ya ndani, akabadili namna ule mlango unavyopitisha habari, kama kijitabu kilivyoshauri. Taa ya kijani ya kisanduku ikawaka. Nilipiga makofi. Yeye alikuwa ameshageuza ukurasa.

Tulihitaji mahali pa kunakili. Zahanati ya Nkoma ilikuwa na simu kama ile, ya misheni ileile na masafa yaleyale, na gari la hospitali likatuletea kwa siku moja. Tukiiharibu hiyo, zahanati mbili zingekuwa bubu. Mpiga chapa alinizuia kuigusa chipu kwa haraka, akakata utepe mweusi wa gundi akafunika kidirisha chake, akanielekeza upande wenye mkato ukae juu. Akaisoma, akahifadhi yaliyosomwa kwenye disketi mbili, tukairudisha chipu mahali pake siku ileile.

Ndipo akaomba ile ya Lingeka. "Kabla ya kuandika, kijitabu kinasema ukague kama ni tupu." Akakagua. Kompyuta ikajibu kwamba ni tupu. Akarudi kwenye kijitabu.

"Fundi, hii haijafa. Ni nzima. Imefutwa tu."

Akanisomea, akitafsiri polepole: mwanga ukipita kwenye kile kidirisha hufuta maandishi. Viwandani wanatumia taa maalumu, lakini jua kali la siku kadhaa hufanya kazi ileile. Ndiyo maana kioo hufunikwa.

"Nani alibandua karatasi yake?" akauliza.

Alikuwa anapita mbele ya karakana yangu kila asubuhi, na ile bodi aliiona juani. Hakucheka wala kuniumbua. Akarudi kwenye kazi, akaiandika chipu, akalinganisha mwanzo hadi mwisho na ile nakala, akafunika kidirisha kwa utepe uleule. Nilipomwomba asimwambie mkunga, akasema, "Mimi siyo wa kusema."

Tulikwenda Lingeka wote wawili kwa gari la hospitali. Nikaifunga chipu, nikaunganisha betri, mkunga akaita. Hospitali wakajibu kwa sauti safi. Akina mama waliokuwa kwenye foleni ya zahanati wakapiga vigelegele, naye mkunga akacheka mpaka akafuta macho.

Kisha akanieleza kwamba katika wiki tano alizokaa bila simu mama mmoja alisafirishwa kwa mkokoteni wa ng'ombe hadi barabara kuu. Mama alipona, mtoto hakupona. "Sisemi ni simu," akasema. "Mtoto alikaa vibaya. Lakini niambie nini kiliiua hiyo chipu, nisije nikairudisha kulekule."

Ningeweza kusema uzee mara ya pili. Mpiga chapa alikuwa anakunja waya wa betri, hakuniinulia hata jicho. Lakini nikisema uzee, siku moja mtu mwingine angebandua ule utepe.

"Niliiua mimi," nikasema. "Nilibandua karatasi nikaianika juani. Kisha nikakudanganya."

Mkunga akaizima simu. Halafu akamwita msaidizi wake kutoka chumba cha sindano. "Sema tena. Nikiwa likizo, huyu ndiye atakayeishika."

Nikaanza tena, mbele ya msaidizi na wale mama wa foleni. Mpiga chapa akatoa kalamu, akawa anaandika ninayosema, kama alivyoandika maelezo ya watu wa mahakamani, ili karatasi ibaki ndani ya kifuniko cha simu. Nilipofika kwenye kuanika, kalamu ikasimama.

"Umesema wiki moja, fundi. Zilikuwa mbili."

"Mbili," nikasema, naye akaandika.