Povu Wawili na Shungi Asiyekuwepo

Dobi anaishi katikati ya mali za watu. Mashati yaliyomzunguka si yake, mashuka si yake, hata koti zuri linaloning'inia nyuma ya mlango, ambalo mgeni angedhani ni la mwenye duka, lina mwenyewe. Yule ambaye mtaa mzima ulimwita Mzee Pasi aliishi hivyo tangu ujanani, na fahari yake ilikuwa moja: hakuwahi kupoteza nguo ya mtu. Kila nguo iliyoingia aliitia mshono mdogo wa uzi mahali pasipoonekana, ndani ya kola au chini ya mfuko, na kila mteja alikuwa na rangi yake. Madobi wengine walichanganya nguo, wakazichoma, wakasingizia panya. Yeye aliangalia uzi, akaita mwenyewe, akamkabidhi, basi.

Ilikuwa ajabu kidogo, kwa hiyo, kwamba mtu wa namna hiyo alikuja kupoteza kitu cha rafiki yake, tena kitu kisicho na kola wala mfuko.

Mambo yalianza na mgongo. Mwaka uliopita mgongo ulimlaza kitandani, na binti yake, ambaye ni muuguzi, alichoka kumsikia akilalamika kuhusu dari. Akamwekea katika simu programu inayoigiza kile kifaa cha michezo cha mkononi cha zamani. Wenyewe huiita emuleta. Ndani yake akamtilia mchezo wa kukamata viumbe na kuwalea. Unatembea porini, unamkamata kiumbe, unampa jina, unampiganisha na viumbe wa wengine, naye anapata nguvu.

"Baba, hii itakutuliza," alisema binti.

"Mimi si mtoto."

"Ndiyo maana nakuomba. Mtoto ningemwamuru."

Mgongo ulipona, mchezo ukabaki. Kiumbe wake wa kwanza alikuwa konokono mwenye gamba la bluu, akamwita Povu. Alimlea kwa subira ileile aliyoitumia kwenye madoa ya mafuta. Akamwambukiza pia jirani yake wa mlango wa pili, kinyozi mwenye upara uliong'aa kuliko kioo chake, ambaye kwa sababu hiyo aliitwa Kipara na wateja na wapita njia. Kumbe Kipara hakuhitaji kuambukizwa. Binti yake aliucheza mchezo uleule kabla hajaolewa na kuhamia mbali, na alipoondoka alimwachia baba yake kila kitu, pamoja na ndege mmoja mwenye manyoya marefu utosini aliyeitwa Shungi. Shungi alikuwa na wimbo. Akiuimba, adui analala. Kipara hakumtumia sana. Alipenda tu kumfungua na kumtazama kati ya mteja na mteja.

Wakawa wanapigana vita vya simu mchana, duka la mmoja likiwa halina watu, na kutaniana kwa sauti ya kupenya ukuta. Mzee Pasi alikuwa hashindwi na maadui wa porini. Kipara alimsifu kwa hilo mbele za watu. Asichokijua Kipara ni kwamba ushindi huo ulitoka kwenye vitufe viwili vya emuleta, kimoja cha kuhifadhi papo hapo na kingine cha kurudisha. Ukiona mambo yanaharibika, unarudisha, na mchezo unakuwa kama ulivyokuwa kabla hujakosea. Kipara alikijua kitufe hicho na alikidharau. "Hicho ni cha watu wasiotaka kushindwa," alisema. Mzee Pasi alitikisa kichwa kukubaliana naye, na kwa siri akaendelea kukibonyeza. Aliona ni jambo dogo. Karibu kila uongo wa watu wazima unaanzia hapo, kwenye jambo ambalo mtu ameliona dogo.

Sasa, wapo viumbe katika mchezo ule ambao hawapevuki hata uwapiganishe vipi. Hupevuka tu wakihama mkono, yaani wakitoka katika mchezo wa mtu na kuingia katika mchezo wa mwingine. Povu alikuwa mmoja wao. Zamani watu waliunganisha vifaa viwili kwa waya. Emuleta huigiza hata huo waya, simu mbili zikiwa karibu. Wakakubaliana: Povu ahamie kwa Kipara, apevuke, kisha arudi kwao. Lakini mchezo haukubali mtu atoe bila kupokea, kwa hiyo Kipara naye alipaswa kutoa kitu.

"Toa chochote," alisema Mzee Pasi. "Toa yule panya wako mwenye mafua."

"Wewe unaniwekea Povu mezani, mimi nikuwekee panya? Heshima iko wapi, bwana?" Kipara akapangusa simu kwa taulo la bega. "Chukua Shungi. Kesho tutarudishiana."

Mzee Pasi alibonyeza hifadhi kwanza, kwa mazoea. Kisha wakabadilishana. Povu akaondoka, Shungi akaingia. Kabla hawajatazama vizuri, mteja alikaa kwenye kiti cha kunyolea akalalamika kwamba ana haraka, na Mzee Pasi akarudi kwenye pasi yake akiwa na ndege wa watu mfukoni.

Angemwacha palepale. Nguo ya mteja haivaliwi, hata kwa kujaribu tu. Aliwafundisha hivyo wasaidizi wote aliowahi kuwa nao. Lakini mchana ule duka lilikuwa kimya, mashuka yalikuwa yamelowekwa, naye alitaka kuusikia ule wimbo mara moja. Akampeleka Shungi porini. Shungi akaimba, adui akalala, Shungi akashinda, akapanda ngazi. Mchezo ukamuuliza: anaweza kujifunza pigo jipya, asahau lipi la zamani? Kidole cha Mzee Pasi kilikuwa na maji ya sabuni. Kikateleza. Shungi akasahau wimbo.

Alikaa akiitazama simu kama mtu aliyeiacha pasi juu ya hariri. Wimbo ambao binti wa Kipara aliutunza miaka yote, yeye ameufuta kwa kidole kilicholowa. Njia ya kiungwana ilikuwa mlango wa pili tu: aende, aseme. Badala yake alifanya alichokuwa akifanya siku zote. Alibonyeza rudisha.

Na mbele yake akatokea Povu.

Hakuelewa. Alifurahi kidogo, halafu akaogopa. Akafungua mkoba wa viumbe: Povu yupo, mdogo vilevile, gamba la bluu. Shungi hayupo. Akafungua ghala wanakowekwa viumbe wa akiba, akapekua chumba kwa chumba kama mtu anayetafuta soksi. Hayupo. Akawaza labda Kipara amemrudishia Povu kutoka kule kwa waya, bila kumwambia. Akapiga kelele ukutani.

"Kipara, Povu yuko huko?"

"Yuko. Amepevuka, mkubwa kama ngoma. Vipi, umeshamkumbuka?"

"Nauliza tu."

Akaketi juu ya ndoo. Kisha, kabla ya kuendelea kutafuta, akabonyeza hifadhi. Mkono ulifanya wenyewe.

Binti yake alipita mchana huohuo akitoka zamu, kuleta sare zake. Alimkuta baba yake anapiga pasi shati lililokwisha kupigwa pasi.

"Mwanangu, hebu tazama humu. Shungi wa Kipara simwoni."

Binti akatazama, akauliza alichofanya, naye akaeleza, akiruka sehemu ya kidole. Binti akamtazama hadi akairudia na kuieleza.

"Baba, ulihifadhi kabla ya kubadilishana. Uliporudisha, mchezo wako ulirudi wakati ule. Wakati ule Shungi alikuwa bado hajaja."

"Sawa. Kwa hiyo amerudi kwa Kipara."

"Hapana. Simu ya Kipara haikurudi nyuma. Kule Shungi ameshaondoka."

"Akaenda wapi?"

"Akaja kwako."

"Kwangu hayupo."

"Ndiyo, baba."

Mzee Pasi akaweka pasi kwenye kisahani chake. "Na Povu?"

"Yuko kwa Kipara. Na yuko hapa."

"Yupi ndiye Povu?"

"Wote wawili."

"Wote wawili ndio, na ndege hayuko kokote. Hiyo hesabu ni ya wapi?" Binti akamrudishia simu. "Mpigie yeyote anayejua. Lazima yuko mahali. Kitu hakiwezi kutoka kwa mtu kisifike."

"Ungeniita kabla hujahifadhi tena, huenda tungempata. Sasa umehifadhi mengine juu yake, yamemfuta." Akashusha sauti. "Anaweza kukamatwa ndege mwingine wa aina ileile, ukampa jina lile, ukamlea. Kipara hatajua."

Jambo la kusikitisha ni kwamba alilifikiria. Alilala nalo na kuamka nalo. Ndege wa aina ile, jina lile, wimbo uleule kwa kuwa yule mpya angekuwa bado hajausahau. Angekuwa bora hata kuliko aliyepotea. Lakini alimjua dobi mmoja aliyechoma shati la mteja akanunua jingine, rangi ileile, kitambaa kilekile, na mteja hakugundua kamwe. Dobi yule hakuweza tena kumtazama mteja yule usoni, na mwishowe alianza kumchukia, mtu ambaye hakumkosea lolote. Jambo hilo Mzee Pasi aliwahi kulisimulia kama kichekesho. Asubuhi ile hakuona cha kuchekesha.

Kipara alimwita mara ya kwanza. Akajibu ana mashuka mengi. Akaitwa tena, akajibu pasi imepata moto. Mara ya tatu alizima pasi, akajifuta mikono hadi ikakauka kabisa, akaenda.

Kipara alikuwa anafagia nywele. "Njoo umwone mwanao. Ana pembe, bwana. Nani alijua konokono anaota pembe?"

"Shungi amepotea," alisema Mzee Pasi.

Alieleza yote akiwa amesimama. Kidole, wimbo, kitufe. Kipara alisikiliza akiwa ameegemea ufagio.

"Kwa hiyo ushindi wako wote ule," alisema mwishowe.

"Mwingine ni wa kweli."

"Mwingi au kidogo?"

"Kidogo."

Kipara akachukua mashine ya kunyolea, akaanza kuipiga brashi ingawa ilikuwa safi. "Ungeniambia amesahau wimbo, ningekasirika hadi saa ya chakula. Basi."

"Najua."

"Hujui. Ungejua ungeniambia." Akapuliza meno ya mashine. "Sasa tunafanyaje? Nikurudishie huyu mkubwa?"

"Mchezo utataka nikupe kitu."

"Nipe huyo mdogo."

"Akihama naye atapevuka."

Kipara akafikiri. "Tutakuwa na wakubwa wawili." Akafikiri tena. "Na mimi bado sina ndege."

"Bado huna."

Walitazamana, na kwa kitambo hakuna aliyejua kama ni jambo la kucheka. Mzee Pasi akatoa simu. Akamfungua Povu mdogo, akachagua kumwachia huru. Mchezo ukamuuliza kama ana hakika. Akakagua kidole, kikavu, akabonyeza. Kisha akafuta na ile hifadhi ya papo hapo, ili hata yeye mwenyewe asiweze kumrudia.

"Umefanya nini?" aliuliza Kipara. "Tulikuwa tumepoteza mmoja, sasa wawili."

"Povu nilishakupa. Yule aliyebaki kwangu hakuwa wangu."

"Na huyu wa kwangu?"

"Wako."

"Sikumtaka awe wangu. Nilitaka ndege wangu."

Kipara alikaa kwenye kiti chake cha kunyolea, akampigia binti yake, akaweka sauti ya wazi kwa kuwa mikono ilikuwa na vumbi la nywele.

"Mwanangu, yule ndege wako amepotea. Shungi."

"Ndege gani, baba?"

"Wa kwenye mchezo. Mwenye manyoya utosini. Anaimba."

"Ah, yule. Nilidhani ulimfuta zamani. Baba, umekula?"

Kipara alisema amekula. Hakuwa amekula. Alipokata simu aliendelea kuishika, na Mzee Pasi, aliyesimama karibu na kioo, hakujua kama mzigo wake umepungua au umeongezeka. Binti alikuwa ameshamsahau ndege. Basi hasara ni ya nani? Kisha akaona wazi kwamba ni ya yule aliyeketi kwenye kiti, peke yake, na kwamba kusahau kwa binti hakukumpunguzia kitu hata kidogo. Labda kulimwongezea.

"Mwambie muuguzi wako akiondoe kitufe hicho," alisema Kipara bila kumtazama.

"Leo hii."

"Na Povu nitamlea. Ukitaka kumwona, mlango unaujua."

Akainuka, akavua aproni yake yenye vipande vya nywele, akaikung'uta mlangoni, akaikunja. Alisita nayo mkononi. Kisha akamrushia.

"Ina doa la rangi ya nywele begani. Usiipoteze na yenyewe."

Mzee Pasi aliipokea kwa mikono miwili. Alirudi dukani kwake, akaigeuza ndani nje, akatafuta chini ya mfuko. Uzi wa kijani wa Kipara ulikuwa palepale alipoushona miaka mingi iliyopita. Akaushika kwa kucha, akauvuta kidogo kuona kama umekaza. Ulikuwa umekaza. Hata hivyo akatoa sindano, akashona mwingine juu yake, na alipokuwa anashona bado alijiuliza yule ndege, kwa kweli, alikwenda wapi.