Mkimbiaji wa Medali za Mukhisa

Walimu wa michezo wa Kitale walimjua Mukhisa kwa vitu viwili: medali za shule na vichwa vya simenti vya makaburini. Karakana yake ilikuwa mtaa wa Tuwan, mabati machache yaliyoegemea ukuta wa watu. Humo aliyeyusha koki mbovu za maji na vitasa vya zamani, akaimimina shaba kwenye mchanga uliogandamizwa kwa kibao chenye umbo la mkimbiaji alichokichonga mwenyewe. Na marehemu je? Mletee picha ya kitambulisho, au msimulie tu, na baada ya siku chache ungemkuta mzee wako akikukodolea macho vile vile kama ulipochelewa kurudisha ng'ombe.

Mwaka 1982 alikuja mwalimu kijana kutoka mlima Elgon, Jelimo, kuchukulia shule yake medali. Aliigeuza moja mkononi, akacheka waziwazi.

"Huyu anakimbia ama anafukuza kuku?"

Mukhisa alinuna. Jelimo akavua viatu, akakimbia uani kutoka kwenye pipa la maji hadi choo cha jirani na kurudi, ili fundi aone goti linavyopanda. Fundi aliliona goti, na mengine pia. Kibao kipya kilichongwa wiki hiyo hiyo. Mwaka uliofuata wakaoana, Mbukusu na Msabaoti, na siku hizo hakuna aliyeona ajabu.

Ikaja 1992, mwaka wa aibu. Jelimo alikuwa amepanda mlimani kumwuguza mama yake. Majirani waliozoea kuombana chumvi, Wabukusu na Wasabaoti, wakachomeana nyumba. Nyumba ya Mukhisa nje ya mji iliteketea, na picha zote za Jelimo zikiwa ndani. Mukhisa alikimbilia Malakisi, Bungoma, kwa kaka yake mkubwa, Wepukhulu, akimbeba bintiye Naliaka mgongoni na kile kibao cha medali ndani ya koti. Mama mkwe alipatikana ameuawa. Jelimo hakuonekana kambini kwa wakimbizi, wala hospitalini, wala mochari. Waliojua yaliyompata walinyamaza, wakaendelea kwenda sokoni kama kawaida.

Mwaka 1996 Wepukhulu alimwita Mukhisa nyuma ya nyumba.

"Ndugu yangu, mke wako hatarudi. Tuzike mgomba, vile wazee walikuwa wanafanyia mtu mwenye amepotea. Hii boma imechoka na kilio."

Maana mtu ambaye mwili wake haukupatikana huzikiwa shina la mgomba, ndipo matanga yaishe. Mukhisa hakubisha. Alisema tu kwamba kaburi la mke wake halitakaa bila uso, na uso huo atautengeneza yeye mwenyewe. Ukoo ukakubali. Nani angemnyima?

Hapo ndipo fundi alipoanza kusahau. Alifinyanga kichwa, akakivunja: ati pua si yake. Akafinyanga kingine, akakivunja: ati paji ni pana mno. Mtu huyu huyu aliyewahi kutoa sura ya padri kwa maneno ya mpishi wake! Wepukhulu alinunua simenti mpaka akachoka.

"Ngojeni kidogo," Mukhisa angesema. "Naona uso unakuja."

Siku ambayo kichwa kingekamilika ndiyo siku Jelimo angekufa, na hilo Mukhisa alilijua kuliko wote.

Mwaka uliofuata Chesang, mdogo wake Jelimo, aliteremka kutoka mlimani kwa mara ya kwanza tangu vita, kuleta neno la upande wao kuhusu mazishi. Naliaka alikuwa ameshinda mbio za shule jana yake, akamletea chai medali ikimning'inia shingoni. Chesang aliishika apate kuisifu. Kikombe kikamponyoka.

"Wewe mtoto, nani amekupatia mama yako?"

"Ni medali tu, mama mdogo. Baba hutengenezea shule zote za huku."

Chesang aliisogeza karibu na macho. Goti lile. Shavu lenye kibonyeo, midomo imebanwa kama kila alipokimbia. Alikuwa Jelimo mzima. Miaka yote hiyo watoto wa Kitale na Malakisi walikuwa wakimpeleka makwao bila kujua.

Wepukhulu aliichukua medali, akaiweka juu ya mfuko wa simenti mbele ya mdogo wake. Hakumgombeza.

"Mukhisa, si uso uko nao?"

Mukhisa aliipangusa medali vumbi la simenti. "Niko nao, kaka," akasema. Kisha akalia kwa sauti, kilio alichokuwa amekizuia tangu 1992.

Kichwa kilikamilika kesho yake kabla ya jioni. Alikifinyanga bila kuitazama medali hata mara moja. Jumamosi wakazika mgomba, Chesang akiimba kwa lugha ya kwao na wanawake wa boma la Wepukhulu wakiitikia maneno wasiyoyaelewa. Naliaka alitaka medali yake izikwe pia, baba yake akamkataza.

Shule ziliendelea kuleta kazi. Mwaka 1998 walimu waliona mchoro wa medali umebadilika, wakadhani fundi amezeeka. Mkimbiaji alikuwa na goti lile lile, lakini sasa amewapa watu mgongo.